Shamba lililopumzishwa si shamba lililokimbiwa



Katika mkutano wetu uliopita kulitolewa pendekezo moja, na wengi wenu munalikumbuka. Mwenzetu mmoja alisimama akasema: ile Jumapili moja ya kila mwezi tunapokutana kucheza mupira, kucheza dame na kupiga stori, tuiondoe. Mahali pake tuweke mafunzo ya ujasiriamali. Alisema hivi: "Sisi batoto ya univerisite tuko bila kazi, na tuko tunatafuta tena wakati ya kucheza? Batu watatucheka." Watu walipiga makofi. Mikono ikaenda juu, na mkono wangu ulikuwa kati ya ile ya kwanza. Uamuzi wenyewe utachukuliwa mkutano ujao.

Leo naandika kuwaambia kwamba nimeujutia ule mkono. Sipingi mafunzo ya ujasiriamali. Hata mimi nayahitaji, tena sana. Lakini hoja tuliyoitumia siku ile, kwamba mchezo ni haki ya mtu aliyekwisha kufaulu, sasa naona ni hoja mbovu. Nataka tuichambue pamoja kwa msaada wa kitabu kimoja nilichosoma tangu siku ile. Nitakisifu kitabu hicho, na pia nitakigombeza.

Kwanza niseme kwa nini nilinyoosha mkono. Mimi ni mtoto wa Butembo. Hapa kwetu mtu anapimwa kwa saa anayoamka. Papa yangu hajaniuliza hata siku moja kama nimelala vizuri. Anauliza: "Injenyeri, leo umefanya nini?" Na kama sina jibu, ile kimya yake inauma kuliko matusi. Wahenga wa pwani nao walisema kazi mbaya si mchezo mwema, maana yake hata kazi duni inapita mchezo mtamu. Sisi tunaisema kwa maneno mengine kila siku: "Huyu iko anacheza tu na maisha."

Tabia hiyo siidharau. Njo iliyojenga mji huu. Chuo Kikuu cha Katoliki cha Graben, ambapo wengi wetu tulisoma, kilianzishwa mwaka 1989, wakati wa Askofu Emmanuel Kataliko, na hakikushuka kutoka Kinshasa kama zawadi. Kilisimama kwa nguvu ya Kanisa, ya wafanyabiashara na ya wazazi wa hapa. Mtu aliyekua anaona mambo kama hayo hawezi kusema kazi ni adui.

Shida inaanza pale kazi inapobaki kipimo kimoja tu. Kama thamani ya mtu ni kazi yake, basi sisi tulio na lisansi bila kazi tuna thamani gani? Wengi wetu tumejibu swali hilo kimya kimya, usiku, na jibu lenyewe si zuri. Kwa hiyo swali la mchezo si swali la watu walioshiba. Linatugusa sisi kwanza.

Sasa kitabu. Kinaitwa Homo Ludens, yaani binadamu mchezaji. Kiliandikwa na Johan Huizinga, mwanahistoria wa Uholanzi, kikatoka mwaka 1938. Nilikipata kwa Kifaransa katika simu, nikakisoma usiku kadiri simu ilivyokuwa na moto.

Wazo lake la kwanza ni kwamba mchezo ni wa zamani kuliko utamaduni. Wanyama hawakungoja binadamu awafundishe kucheza. Angalia watoto wa mbwa wanavyoumana bila kuumizana. Halafu anatoa alama za mchezo. Mchezo ni tendo huru: ukilazimishwa, si mchezo tena. Uko nje ya maisha ya kawaida. Hautafuti faida ya mali. Una mahali pake na muda wake, unaanza na unaisha. Na ndani ya mipaka hiyo una kanuni, nazo ni sheria kamili kwa wote walioingia. Kutoka hapo anaonyesha kwamba mahakama, mashairi, falsafa, ibada na hata vita vimebeba ndani yake alama za mchezo.

Mara ya kwanza nilisoma hayo nikafikiri ni mambo ya Wazungu. Kisha nikakumbuka chukudu. Kila mtu wa Kivu ya Kaskazini anaijua: baiskeli ya mbao isiyo na pedali, inayobeba viazi, makala na mbao. Mzee akishuka nayo mlima imejaa viazi, hiyo ni kazi, tena ngumu. Lakini pembeni mwa njia yuko mtoto wa miaka minane ametengeneza yake ndogo kwa vipande vya mbao. Anaisukuma kilimani dakika kumi ili ashuke kwa sekunde ishirini. Akifika chini anapanda tena. Hakuna anayemulipa. Ukimuuliza juu ya nini anafanya vile, atakuangalia kama mtu asiyejua kitu. Na yule mzee naye, akisha kuuza viazi na kurudi bila mzigo, muangalie kwenye mteremko wakati anafikiri hakuna mtu anamuona. Huizinga angecheka kwa furaha.

Nikakumbuka pia mupira wetu wa masashe, tuliofunga kwa kamba za migomba. Mawe mawili yalikuwa goli. Vijana wawili walichagua timu, mmoja mmoja kwa zamu, ili pasiwe na upande wenye nguvu zote. Mwenye mupira alicheza hata kama hajui kitu, hiyo ilikuwa kanuni isiyoandikwa. Refa hakuwako, na mabishano yaliisha bila mzazi kuitwa. Tulijifunza kushindwa na kurudi kesho yake kabla hatujasikia neno demokrasia darasani.

Lakini hapo lazima nisimame, maana nimeingia katika mtego. Nimeutetea mchezo kwa faida zake. Ni kama nimemwambia papa: "Usijali, ile ilikuwa mafunzo." Yule mtoto wa chukudu hakupanda kilima ili ajifunze kitu. Huizinga yuko imara juu ya jambo hilo: anayesema mchezo ni mzuri kwa sababu unatayarisha kazi au unaondoa uchovu, bado hajaugusa mchezo wenyewe. Ameupima kwa kipimo kilekile cha kazi. Hapo kitabu kilinipata. Maana hata siku ya mkutano, wale wachache waliotetea Jumapili yetu walisema: "Tukipumzika tutafanya kazi vizuri zaidi." Pande zote mbili zilikuwa zinaabudu kitu kimoja.

Sasa nakigombeza kitabu, kwa mambo mawili.

La kwanza ni yale maneno "nje ya maisha ya kawaida". Huizinga anaandika kana kwamba maisha ya kawaida yako pale, yametulia, na mchezo ni kiwanja kidogo kilichozungushiwa kamba pembeni yake. Kwa mtu wa Beni, hayo maisha ya kawaida yako wapi? Tangu Oktoba 2014 watu wanauawa vijijini na katika mitaa ya Beni. Tangu tarehe 6 Mei 2021 jimbo letu liko chini ya hali ya kuzingirwa. Katikati ya hayo ilikuja Ebola, iliyotangazwa tarehe 1 Agosti 2018 na kwisha tarehe 25 Juni 2020, ikaua watu zaidi ya 2,200. Munakumbuka tulivyoacha kupeana mikono. Tulisalimiana kwa kiwiko, na kufunga goli ikawa jambo la ajabu: unakimbia kumukumbatia mwenzako, halafu unasimama hatua mbili mbele yake.

Katika miaka ya namna hiyo mambo yanageuka. Kawaida inavunjika kila mahali, na kile kiwanja kidogo kinabaki mahali ambapo kawaida bado iko. Ndani yake saa inaheshimiwa. Kosa ni kosa. Aliyeshindwa anaenda nyumbani mzima. Tunaingia kiwanjani tukitafuta maisha ya kawaida, wakati Huizinga anadhani tunayakimbia.

Na ile sura yake juu ya vita ni ngumu kusoma ukiwa huku. Anaonyesha vita vya zamani vilivyokuwa na kanuni, heshima na siku iliyopangwa, na anakiri kwamba vita vya kumaliza watu vimeondoa mchezo wote. Nakubali. Lakini mtu aliyeona watu wanashuka kutoka Oicha na magodoro kichwani hawezi kuisoma sura hiyo kwa utulivu wa mwalimu. Huizinga mwenyewe anatofautisha mdanganyifu na mharibu mchezo. Mdanganyifu anaiba ndani ya mchezo, lakini bado anajifanya anaheshimu kanuni. Mharibu mchezo anavunja ulimwengu wote wa mchezo. Sisi tunamjua huyo wa pili kwa karibu.

Hata hivyo nisimuonee. Mnamo 1940 Wajerumani waliivamia nchi yake na kufunga chuo kikuu cha Leiden alichofundisha. Mwaka 1942 walimuweka kizuizini pamoja na watu wengine, na hata walipomuachia hakuruhusiwa kurudi kwake Leiden. Alikufa Februari 1945, miezi michache kabla ya nchi yake kukombolewa. Aliandika kitabu juu ya mchezo huku mawingu ya vita yanakusanyika. Hakungoja amani kwanza.

Jambo la pili ninalomgombeza linatugusa sisi wanaume wa ushirika huu. Mchezo ni huru, anasema. Sawa. Lakini uhuru wangu nani anaulipia? Aristotle alisema zamani kwamba tunashughulika ili tupate wasaa, kama vile tunapigana vita ili tupate amani. Ni wazo zuri sana, ila wasaa wa raia wa mji wake ulibebwa na watumwa. Sisi hatuna watumwa, tuko na dada zetu. Jumapili ile sisi tunapokimbiza mupira, nani anatwanga sombe? Wenzetu wasichana, wenye lisansi ileile tuliyo nayo sisi, wanafika saa tisa, na saa kumi wanaanza kuangalia simu kwa sababu nyumbani wanangojwa. Mmoja aliniambia: "Ninyi munacheza, sisi tunakuja kuona vile munacheza." Huizinga hana ukurasa wa kumjibu dada huyo. Wasaa ulioibwa kwa mwingine si wasaa, ni deni.

Kuko mwandishi mwingine anayesaidia hapa, Josef Pieper, mwanafalsafa Mjerumani. Mwaka 1947 alitoa mihadhara mjini Bonn juu ya wasaa na ibada, na mwaka uliofuata ikatoka kama kitabu. Fikiria Ujerumani ya 1947: miji ni mabomoko, watu wana njaa. Yeye mwenyewe anaanza kwa kuleta pingamizi: huu si wakati wa kuzungumza wasaa, tuko tunajenga nyumba. Ni kama alikuwa katika mkutano wetu! Na anajibu kwamba hasa wakati wa kujenga ndipo unapaswa kuuliza nyumba ni ya maisha gani.

Pieper anakumbusha jambo ambalo sisi watu wa lugha mbili tatu tunapaswa kulifurahia. Kigiriki kina neno skholē, maana yake wasaa. Kutoka hapo Kilatini kikapata schola, Wafaransa wakapata école, Wajerumani Schule, na Waswahili wa pwani wakachukua shule kutoka kwa Wajerumani. Kwa hiyo tulipokuwa tunaenda shule miaka yote ile tulikuwa, kwa asili ya neno, tunaenda kwenye wasaa. Tulipelekwa mahali ambapo mtoto anaondolewa shambani na sokoni kwa saa kadhaa ili aangalie vitu bila kuviuza. Mzazi wa Butembo aliyeuza mbuzi kulipa minervali alinunua wasaa wa mtoto wake, hata kama yeye alifikiri ananunua kazi.

Pieper anasema pia kwamba uvivu na wasaa si ndugu. Mvivu ni mtu aliyekataa kuwa yule anayepaswa kuwa; ndani yake hakuna utulivu. Kwa hiyo mvivu na mtu anayekimbia kazini mchana na usiku bila kujua kwa nini wanakaribiana kuliko tunavyodhani. Wote wawili hawawezi kukaa.

Hapa niingize ufundi wangu kidogo, maana mimi ni mtu wa udongo, si mwanafalsafa.

Mukulima anaita kupumzisha shamba. Sisi darasani tuliita jasheri. Unalima maharagwe, mihogo, viazi, na udongo unachoka. Unauacha msimu mmoja au zaidi, majani yanaota, na baadaye unarudi kulima. Katika milima yetu ya Butembo na Lubero, ambako watu ni wengi na mashamba ni madogo, desturi hiyo imekufa karibu yote. Mwenye shamba dogo anasema: nikipumzisha, batoto watakula nini? Sina haki ya kumulaumu. Lakini kila mtu anaona mavuno yanavyopungua na udongo unavyoshuka na mvua.

Zamani ningeitumia jasheri kama mfano rahisi: pumzika ili uzae zaidi. Ni hoja ya Aristotle juu ya mchezo, aliyeuona kama dawa ya uchovu. Lakini chimba sentimeta kumi tu katika shamba lililopumzishwa. Halijalala. Mizizi inapasua udongo mgumu. Minyoo inapita. Mimea ya jamii ya maharagwe inatega naitrojeni ya hewani kwa msaada wa bakteria walio katika mizizi yake. Majani yanaoza na kuwa chakula. Kinachotokea ni kwamba kwa muda fulani udongo umefanya mambo yake wenyewe bila mtu kudai. Mavuno mazuri yanakuja baadaye, ndiyo, lakini udongo haukuwa unayafikiria. Wasaa nauona vile: muda ambao hakuna mtu anakudai, na ndani yake unaishi kwa nguvu zako zote.

Sasa nenda upande wa Beni, kwenye mashamba ya kakao ambayo wenyewe wameyakimbia. Nayo yamefunikwa na majani. Ukipita mbali utasema yamepumzishwa. Lakini hayo hayakupumzishwa na mtu, yamekimbiwa. Kakao inaiva na kuoza juu ya mti, au inavunwa na mwenye bunduki. Majani ni yaleyale, na maana ni tofauti kabisa.

Ukosefu wa kazi ni shamba lililokimbiwa. Sisi wenye diploma tuko na wakati mwingi wa bure, na watu wanatuambia: ninyi munapumzika. Hapana. Wakati wa bure si wakati huru. Siku ninayoshinda nikingoja simu ya mtu aliyeahidi kunitafutia nafasi katika shirika fulani, siku hiyo si yangu. Ni ya yule mtu wa simu. Njo maana tunachoka bila kufanya kitu. Na njo maana pendekezo la kuondoa Jumapili yetu limekosea mahali pa kupiga. Linadhani tuko na wasaa mwingi, tupunguze. Ukweli ni kwamba tuko na utupu mwingi, na ile Jumapili ni sehemu ndogo ya utupu huo tuliyoigeuza kuwa wasaa kwa kuiwekea saa, mahali na kanuni.

Kuko shamba la tatu: lile ulilokodisha. Unabaki juu yake, unalima, lakini mavuno yanaenda kwa mwingine. Hapo nazungumza pari za mupira, ule ugonjwa wetu. Roger Caillois, Mfaransa, alimsahihisha Huizinga mwaka 1958 katika kitabu chake juu ya michezo na watu. Alimwambia: ukisema mchezo hauna mali ndani yake, umesahau kamari, ambayo watu wanaicheza dunia nzima. Yeye aligawa michezo katika makundi manne: ya kushindana, ya bahati, ya kuigiza na ya kizunguzungu. Katika kushindana, mchezaji anatumia nguvu na akili yake yote. Katika bahati anajiacha, anangoja. Na mali katika kamari, anasema Caillois, inahama tu kutoka mfuko mmoja kwenda mwingine, hakuna kilichozaliwa.

Caillois yuko sawa kwamba kamari ni mchezo wa kale. Lakini kibanda cha pari cha leo kinafanya ujanja mwingine: kinachukua sura ya kundi la kwanza na kukuuzia la pili. Unaona mashindano, timu, takwimu, unajiona mtaalamu. Lakini wewe hukimbii. Walioko uwanjani wako Uturuki au Ureno, na wewe uko kwenye benchi na karatasi mukononi. Kijana anajua majeruhi wa timu za Ulaya zote, na timu ya kata yake haijui hata jina.

Nasema haya bila kiburi. Mwaka uliofuata diploma yangu, mama alinipa dola 40 ninunue mbegu za viazi. Niliweka kumi kwenye pari, "nizizidishe". Ilipofika Jumamosi jioni zote 40 zilikuwa zimeenda. Nilimwambia mama mbegu hazijafika sokoni. Alingoja wiki mbili, mvua ikapita. Hakunigombeza alipojua. Alisema tu: "Sasa tutalima nini?" Ile sehemu ya shamba ilibaki msimu mzima bila kitu, na mimi niliyesomea udongo miaka mitano nilikuwa napita pale naangalia pembeni.

Kwa hiyo ninaposema tuutetee mchezo, sitetei kila kinachoitwa mchezo. Ukitoka ndani yake bado uko mzima, na mwenzako mzima, na kesho mutaweza kurudiana, huo ni mchezo. Ukitoka umepungukiwa na unarudi kwa sababu umepungukiwa, jina lingine litafutwe.

Nimalize na mwenzetu mmoja, ambaye sitamutaja. Familia yake ilikuwa na kakao kaskazini ya Beni. Leo wanaishi kwa ndugu, watu kumi na mmoja katika vyumba viwili. Yeye njo mkali wetu wa dame, yule anayecheza na vizibo vya Primus na kutupiga wote bila kusema neno. Siku ya mkutano hakunyoosha mkono, upande wowote. Nilimufuata barabarani nikamuuliza juu ya nini, kwa maana nilifikiri yeye kuliko wote anahitaji mafunzo ya kupata pesa. Akaniambia: "Mafunzo nitakuja. Lakini ile siku ya dame, njo siku moja mu mwezi mimi siko mukimbizi. Batu wananiogopa." Akacheka. Mimi sikucheka.

Niliporudi nyumbani njo nilianza kusoma Huizinga. Sasa naona jibu la yule rafiki limemusahihisha Huizinga kuliko mimi. Juu ya ubao wa dame hakuna anayemhurumia, na hakuna anayemuuliza atafanya nini na maisha yake. Vizibo ni kumi na viwili kwake, kumi na viwili kwangu. Anaheshimiwa kwa kile anachofanya pale, mbele yetu, na hakuna shirika lililompa heshima hiyo wala litakaloiondoa mradi ukiisha. Kwa mtu aliyenyang'anywa vingi, kiwanja ambacho wote wanaanza sawa si anasa.

Mapendekezo yangu kwa mkutano ujao ni matatu. Mafunzo ya ujasiriamali tuyaweke, lakini Jumamosi asubuhi, baada ya salongo. Jumapili ya mchezo ibaki, na pari ya pesa isiingie kiwanjani, hata ya franga mia. Na chakula cha siku hiyo tukipike sisi wote pamoja, wanaume wakianza, ili dada zetu wasije kutuangalia tu. Wao wenyewe wachague mchezo wanaoutaka, na sisi tujifunze kanuni zake.

Kama nimekosea, munisahihishe, lakini kwa hoja. Na yule aliyetoa pendekezo asifikiri namchukia. Ni rafiki yangu na anadaiwa goli mbili tangu mwezi uliopita.

Tuonane Jumapili, saa tisa. Mupira niko nao, umejazwa upepo jana.